Anayechekesha Watu Atajibu Nini mbele ya Mungu?

Je, kucheka ni dhambi? Wako Wakristu wanaofikiri hivyo. Wanasema: katika Evanjili tunasoma kwamba Bwana Yezu alilia, lakini hatusomi popote kwamba alicheka. Kwa hiyo, kwao, mkristu mwema ni mtu wa uso mzito. Wako na wengine wanaosema kinyume chake: maneno ya mzaha ni upepo, yanapita tu, na mtu akitania hakuna wa kumwuliza neno.

Mawazo hayo mawili hayafai. Ili tusizungumze hewani, tufuate leo maisha ya mtu mmoja aliyepewa na Mungu kipaji cha kuchekesha kuliko wengi. Jina lake ni Ludwig Thoma, mwandishi wa Bavaria, katika Ujerumani ya kusini. Aliandika michezo ya kuigiza na hadithi kwa lugha ya wakulima wa kwao. Kijerumani kile si kile cha vitabu vya shule, kama vile sisi tunavyokuwa na Kiswahili cha nyumbani na Kiswahili cha kuandika. Watu wa kwao wanamcheka na kumpenda hata leo. Lakini mwisho wa maisha yake kipaji hicho kiligeuka sumu. Tuone ilikuwaje, kwa maana jambo hili latuhusu sisi pia.

Upinde usiolegezwa

Kwanza tusikilize mafundisho. Mtakatifu Tomaso wa Akwino, mwalimu mkuu wa Eklezia katika karne ya 13, alijiuliza swali hili la michezo na kicheko. Akakumbusha habari iliyosimuliwa tangu zamani juu ya Mtakatifu Yohana Mwinjili. Siku moja watu walimkuta Yohana akicheza pamoja na wanafunzi wake, wakakwazika. Yohana akamwambia mmoja wao, aliyekuwa na upinde, apige mshale. Akapiga, akapiga tena, mara nyingi. Kisha Yohana akamwuliza kama angeweza kuendelea hivyo bila kuacha. Yule akajibu kwamba upinde ungevunjika. Yohana akasema kwamba moyo wa mtu nao ungevunjika hivyo hivyo, kama usingepewa nafasi ya kulegea.

Kwa hiyo Mtakatifu Tomaso anafundisha kwamba mzaha mzuri ni pumziko la roho, na kujua kupumzisha wengine kwa maneno ya furaha ni fadhila. Anaongeza hata neno hili: mtu asiyecheka kamwe, na kuwazuia wengine wasicheke, ana kosa, maana anakuwa mzigo kwa wenzake.

Lakini mwalimu huyo huyo, mahali pengine katika kitabu chake, anaandika juu ya dhambi ya kudhihaki. Kudhihaki ni kufanya mzaha juu ya ubaya au udhaifu wa mwenzako, kusudi aone haya. Kama ubaya huo ni mdogo, kosa ni dogo. Lakini tukicheka ubaya mkubwa wa mtu kwa sababu mtu mwenyewe si kitu machoni petu, dhambi inakuwa nzito; tunakuwa tumemwondolea heshima aliyopewa na Mungu.

Basi tumekwisha kupata vipimo viwili. Tuvichukue pamoja nasi tukienda Bavaria.

Mtoto wa msitu

Ludwig Thoma alizaliwa tarehe 21 Januari 1867 katika kijiji cha Oberammergau, chini ya milima ya Alpes. Kijiji hicho kinajulikana duniani pote kwa ajili ya mchezo wa Mateso ya Bwana. Wenyeji walifanya nadhiri wakati wa tauni, mwaka 1633, wakaucheza mara ya kwanza mwaka 1634, na wajukuu wao wanaucheza hata leo. Hivi Thoma alizaliwa kati ya Wakatoliki, mahali ambapo mkulima na seremala wanajua kusimama mbele ya watu na kuigiza.

Baba yake alikuwa mlinzi wa misitu ya mfalme. Familia ilikaa mbali, nyumba peke yake katika msitu, kando ya mto Isar. Mwaka 1874 baba akafa, na Ludwig alikuwa na miaka saba tu. Mama, mjane mwenye watoto wengi, akashika kazi ya kutunza hoteli, kwanza Prien na baadaye Traunstein. Mtoto mwenyewe alikuwa mtundu. Akahamishwa kutoka shule moja hadi nyingine, akawasumbua walimu wengi. Utundu huo aliuandika baadaye katika kitabu cha mwaka 1905 kinachoitwa Lausbubengeschichten, maana yake hadithi za mtoto mkorofi. Hata leo watoto wa Ujerumani wanakisoma.

Akasomea sheria, na mwaka 1894 akafungua ofisi ya avoka katika mji mdogo wa soko uitwao Dachau. Wakati ule jina la Dachau halikuwa bado na uchungu tunaoujua sasa. Wakulima waliingia ofisini mwake na mashauri yao: mpaka wa shamba, ng'ombe aliyeuzwa akiwa mgonjwa, tusi lililotolewa kwenye meza ya pombe. Avoka kijana akasikiliza. Akajifunza jinsi mkulima anavyozunguka kabla ya kusema neno, jinsi anavyoficha fedha na huzuni yake. Mwaka 1897 akatoa kitabu chake cha kwanza, Agricola, hadithi za wakulima hao. Muda si mrefu akaacha kazi ya sheria, akawa mwandishi katika gazeti la vichekesho la Simplicissimus, mjini München.

Kicheko chenye afya

Tutazame sasa baadhi ya michezo yake.

Mwaka 1902 aliandika mchezo uitwao Die Lokalbahn, yaani reli ndogo ya mji. Wenyeji wa mji mmoja hawapendi mahali reli itakapopita. Wanamtuma meya wao kwa waziri. Meya anarudi, na watu wanaamini kwamba amemkemea waziri kwa maneno makali. Wanamshangilia kama shujaa. Baada ya saa chache hofu inawaingia: waziri akikasirika, itakuwaje na mji wetu? Mara wote wanamwepuka meya, hata mchumba wa binti yake anarudi nyuma. Mwishoni ukweli unajulikana: meya hakumkemea mtu, alisimama mbele ya waziri kwa upole kama kondoo. Basi wote wanapumua, na urafiki unarudi.

Nani anachekwa hapo? Meya, ndiyo, lakini na watu wote wa mji. Na mtazamaji anayecheka kitini pake anajua vizuri kwamba yeye mwenyewe angefanya vile vile. Anatoka akiwa ameona uoga wake, na hakuna aliyemtukana.

Mwaka 1904 Thoma aliandika shairi kali katika gazeti lake juu ya wahubiri waliokusanyika Köln kushtaki uchafu wa wengine. Tribinali ikamhukumu kifungo cha majuma sita, naye akakaa gerezani Stadelheim mwishoni mwa mwaka 1906. Shairi lile lilipita kiasi. Lakini tuseme haki: aliyeandika alijulikana, akaitwa, akajibu, akafungwa. Mwaka 1908 ukaja mchezo wake uitwao Moral. Polisi wanakamata daftari la mwanamke mwenye nyumba ya uzinzi. Bwana mmoja anatetemeka, kwa sababu jina lake limo ndani. Naye ndiye rais wa chama cha kulinda tabia njema! Mkristu akisikia habari hiyo, hana sababu ya kukasirika. Bwana wetu mwenyewe aliwaita wanafiki makaburi yaliyopakwa chokaa.

Mwaka 1910 ukatoka mchezo mfupi wa Erster Klasse. Mkulima Jozef Filser amechaguliwa mbunge, naye anasafiri katika behewa la daraja la kwanza pamoja na rafiki yake wa kijijini. Wanazungumza kwa sauti kubwa, kama wako mnadani, na mabwana waliovaa vizuri wanachukizwa. Hapo anachekwa mkulima, wanachekwa na mabwana, na hakuna anayebaki juu. Ni kweli kwamba kwa mtu huyo Filser mwandishi aliwadhihaki hata wabunge Wakatoliki na mapadri waliowaongoza. Maneno mengine yaliumiza bila haki. Lakini padri anayeweza kujicheka kidogo hapotezi kitu.

Na nani hatapenda hadithi ya mwaka 1911 juu ya mpagazi wa kituo cha treni cha München? Mpagazi Alois amekufa kwa kufanya kazi haraka mno. Anafika mbinguni, anapewa kinubi na wingu, na saa za kuimba Hosana. Anauliza kuhusu bia. Anaambiwa atapata mana. Anaimba kwa hasira mpaka Mungu mwenyewe anamsikia na kumtuma duniani apeleke mashauri ya mbinguni kwa serikali ya Bavaria. Alois anapita kwanza kwenye nyumba ya bia, anakaa mahali pake pa zamani, anaagiza, na anasahau kazi aliyotumwa. Serikali ingali inangoja mashauri ya Mungu! Katika hadithi hiyo mbingu haidharauliwi. Anayechekwa ni sisi tunaotaka mbingu ifanane na desturi yetu.

Sumu

Mwaka 1914 vita kubwa ikaanza. Thoma, aliyekuwa amewacheka majenerali na mfalme mkuu wa Ujerumani kwa miaka mingi, aligeuka akawa mtu wa vita. Mwaka 1915 akajitolea kuhudumia majeruhi upande wa mashariki, akarudi mgonjwa. Mwaka 1917 akaingia katika chama kilichotaka vita iendelee mpaka ushindi. Mwaka 1918 Ujerumani ikashindwa, wafalme wakaondoka, mwaka 1919 damu ikamwagika katika njia za München. Yote aliyoyapenda yalikuwa yamevunjika. Ndoa yake nayo ilikuwa imevunjika zamani, na uzee ulikuwa unakaribia.

Mtu mwenye uchungu wa namna hiyo anatafuta wa kumlaumu. Tangu mwaka 1920 mpaka kufa kwake mwaka 1921, Thoma aliandika makala zaidi ya 150 katika gazeti dogo la mji wa Miesbach. Hakutia jina lake. Alitumia uhodari wake wote: lugha ile ile ya wakulima, mifano ile ile ya kuvunja mbavu. Lakini sasa waliochekwa walikuwa watu wa serikali mpya ya Berlin, na zaidi ya wote Wayahudi. Aliwaita majina ambayo sitayaandika hapa. Wasomaji walicheka, wakanunua gazeti, wakaomba zaidi.

Jambo la kustaajabisha ni kwamba mwanamke aliyempenda sana katika miaka hiyo alikuwa wa ukoo wa Kiyahudi, na ndiye aliyemwachia sehemu kubwa ya urithi wake. Mtu mmoja mmoja aliweza kumpenda. Lakini taifa zima, bila uso na bila jina, alilifanya kitu cha kutemewa mate. Chuki hupenda njia hiyo. Inatuachia rafiki mmoja au wawili, tupate kusema kwamba hatuchukii mtu.

Thoma alikufa kwa kansa ya tumbo tarehe 26 Agosti 1921. Siku hiyo hiyo, katika msitu wa Ujerumani ya kusini-magharibi, watu wawili walimpiga risasi Matthias Erzberger. Huyu alikuwa mwanasiasa Mkatoliki aliyetia sahihi mapatano ya kusimamisha vita mwaka 1918. Magazeti ya chuki yalikuwa yamemdhihaki kwa miaka mingi. Hatusemi kwamba Thoma alishika bunduki. Tunasema kwamba kabla ya risasi kulikuwa na kicheko kirefu, na kila aliyekitoa alichangia kidogo. Na mwaka 1933, katika mji ule wa Dachau ambako avoka kijana aliwasikiliza wakulima, serikali ya Hitler ikafungua kambi ya mateso. Wazee wetu walisema: mzaha mzaha, hutumbuka usaha.

Makala zile zote zilikusanywa na kuchapishwa na jina lake mwaka 1989. Hapo watu wengi waliompenda walishtuka. Mji wa München ukaacha kutoa nishani iliyokuwa na jina lake.

Tofauti iko wapi?

Sasa turudi kwenye swali letu. Mkono ulikuwa ule ule, kalamu ile ile, na lugha ile ile tamu. Kwa nini tunda la kwanza lilikuwa zuri, na la mwisho likawa baya?

Mtu atasema: kwa sababu mwanzoni alitania kwa upole, na mwishoni kwa ukali. Hapana. Alikuwa mkali tangu mwanzo, hata akafungwa. Tuangalie mahali mwenyewe alipokuwa amesimama. Katika michezo yake mizuri Thoma yumo kati ya wanaochekwa. Mkulima mjanja ni jirani yake, meya mwoga ni mjomba wake, mpagazi anayetamani bia ni yeye mwenyewe. Katika makala za Miesbach yeye hayumo tena. Amesimama nje, juu ya mlima, na chini yuko mwingine ambaye hafanani naye kwa lolote. Hicho ndicho kipimo cha Mtakatifu Tomaso: mtu mwenyewe amekwisha kuhesabiwa kuwa si kitu.

Tuangalie tena jina. Mtu anayesema neno mbele ya watu, tayari kuulizwa, anajizuia. Mtu aliyejificha hana kizuizi isipokuwa dhamiri yake. Na dhamiri iliyojaa uchungu ni mlinzi mlevi.

Tuangalie pia wasikilizaji. Mchekeshaji peke yake hawezi kitu. Makala moja ingetosha kama wasomaji wa kwanza wangeirudisha na kusema: Bwana, hapa hatucheki. Lakini walicheka. Katika nchi zetu za Maziwa Makuu hatuhitaji kwenda Bavaria kulijua hilo. Radio iliyoanza kusema mjini Kigali katikati ya mwaka 1993 ilipendwa kwanza kwa nyimbo na mizaha yake. Na mwaka 1994 tuliona ilikofika. Aliyekuwa akicheka karibu na radio ile hakufikiri kwamba anatenda neno. Naye alikuwa anatenda.

Tukifanyeje kitabu chake?

Liko swali la mwisho, nalo ni gumu. Mwaka 1917 Thoma alitoa kitabu kiitwacho Heilige Nacht, yaani Usiku Mtakatifu. Ni habari ya Noeli kwa mashairi ya lugha ya kwao. Maria na Yozefu wanatembea katika theluji ya Bavaria, wanabisha mlangoni kwa matajiri, wanafukuzwa. Kila mwaka katika majuma ya Adventi kitabu hicho kinasomwa mbele ya watu huko Bavaria, na wengi wanalia. Miaka mitatu baadaye mtu huyo huyo aliwadhihaki Wayahudi, kana kwamba Mama yule aliyefukuzwa mlangoni hakuwa binti wa Israeli, na Mtoto yule hakuzaliwa katika taifa hilo. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, tarehe 28 Oktoba 1965, ulitukumbusha wazi kwamba Eklezia inalaani kila chuki juu ya Wayahudi. Thoma hakuishi mpaka siku ile. Lakini Evanjili ya Noeli alikuwa nayo mezani pake, na aliijua kuliko wengi.

Je, tukitupe kitabu hicho? Nadhani sivyo. Maneno mema yaliyotoka kwa mtu mwenye dhambi yanabaki mema, kama vile Misa ya padri dhaifu inavyobaki Misa. Lakini tusikitumie kitabu kizuri kuosha makala mbaya. Kulia juu ya Maria ni rahisi. Hayupo mlangoni petu usiku huu. Aliyepo ni jirani wa kabila jingine, mgeni, mkimbizi, mtu anayesema lugha yetu vibaya. Huyo ndiye tunayemwiga sauti tukiwa tumekaa na rafiki, ili tucheke.

Basi, wapenzi, tusiogope kucheka. Nyumba isiyo na kicheko ni baridi, na katekista anayejua kuchekesha watoto atawafundisha zaidi kuliko yule wa fimbo. Lakini tukijitayarisha kwa sakramenti ya Kitubio, baada ya kujiuliza juu ya wizi na uongo, tujiulize na haya: Juma hili nilimcheka nani? Kama angaliingia wakati ule, ningaliendelea? Na mwenzangu alipodhihaki watu wasiokuwapo, mimi nilifanya nini na uso wangu?

Swali hilo la tatu ndilo tunalolisahau. Aliyetoa mzaha atajibu kwa ajili ya mdomo wake. Sisi tutaulizwa juu ya meno yetu tuliyoyaonyesha.